Siku saba zilizopotea Kigombe: je, mwandishi anadaiwa maelezo?

Kuna hadithi fupi ya kisayansi, kazi ya kijana wa hapa Tanga, inayopita mkono kwa mkono na imeshawagawa wasomaji. Wavuvi wanne wa Kigombe wanatoka jioni, wanatega jarife kwenye kina kirefu, na usiku wa manane wanavuta silikanti, samaki adimu wa kale. Alfajiri wanarudi. Kwao ni usiku mmoja tu: barafu sandukuni bado ngumu, samaki mashavu yao mekundu. Pwani zimepita siku saba, na matanga yao yameshaanuliwa. Mtafiti anafika, anapima saa ya nahodha, anathibitisha kwamba haikusimama wala kuharibika. Hadithi inaishia hapo. Sababu haitajwi.

Wanaolalamika kwamba sababu haikutolewa wana hoja nzito. Kwamba muda unaweza kwenda kwa kasi tofauti, kama nadharia ya Einstein inavyosema, ni jambo lililopimwa. Mwaka 1971 wanasayansi Hafele na Keating walizungusha saa za atomiki duniani kwa ndege za abiria. Zilizokwenda mashariki zilichelewa kwa takriban nanosekunde 59, zilizokwenda magharibi zikatangulia kwa takriban 273. Nanosekunde ni sehemu moja ya bilioni ya sekunde. Kutoka hapo hadi siku saba ndani ya mashua ya mbao ni mbali mno, na anayejiita mwandishi wa sayansi anatarajiwa atuvushe. Asipotuvusha, wanauliza, hadithi yake inatofautianaje na zile za mapango ya Amboni, ambako watu huenda kutambika na kusimulia njia za chini kwa chini zisizo na mwisho? Naziheshimu hadithi za Amboni. Lakini hazikuahidi kupima chochote, hii imeahidi.

Upande wa pili humtaja Shaaban Robert, mzaliwa wa Tanga hii hii, aliyeiweka nchi nzima ya Kusadikika angani bila kutuambia imeshikiliwa na nini. Mfano huo haunishawishi. Kusadikika inazungumzia utawala na haki. Hamna mtu mle anayeleta vipimo.

Hoja yao yenye nguvu iko kwenye historia ya sayansi yenyewe. Mwaka 1859 mwanafalaki Mfaransa Urbain Le Verrier alitangaza kwamba Utaridi, sayari iliyo karibu zaidi na Jua, haifuati hesabu za Newton sawasawa. Njia yake inajizungusha kidogo kupita inavyotakiwa, na vipimo vya baadaye viliifikisha ziada hiyo kwenye sekunde 43 za pembe kwa karne; sekunde ya pembe ni sehemu moja ya 3,600 ya digrii. Sababu haikujulikana mpaka Einstein alipoipata mwaka 1915. Miaka 56 wanasayansi waliishi na jambo lililopimwa vizuri na lisiloelezeka, na hakuna aliyesema wameacha sayansi. Tena maelezo ya haraka yalikuwepo: Le Verrier alidai kuna sayari nyingine iliyojificha karibu na Jua, ikaitwa Vulcan, ikatafutwa kwa miongo kadhaa. Haikuwepo. Ndiyo maana naogopa mtu anapomshauri kijana wetu aongeze aya moja ya "mawimbi ya uvutano" ili mambo yaishe. Atakuwa ametuletea Vulcan yake.

Kwa hiyo sababu simdai. Ninachomdai ni hesabu. Jambo lisiloelezeka likiingia kwenye hadithi ya sayansi, ni lazima tuambiwe limegusa nini na halikugusa nini, kisha hilo lisivunjwe. Sehemu kubwa ya kazi hii inalitimiza hilo kwa uangalifu wa kupendeza: barafu, mashavu ya samaki na saa ya nahodha vyote vinasema usiku mmoja, ndevu za ndugu waliobaki, deni dukani na matanga vinasema siku saba. Mpaka wa lile jambo ni ubao wa mashua, na unaonekana wazi.

Kisha inakuja bahari. Wavuvi wanaondoka usiku wa mwezi mpevu, maji ya bamvua, yanayojaa na kupwa kuliko kawaida. Wanarudi, na mwandishi anasema maji yamejaa hadi kwenye mizizi ya minazi, kama walivyoyaacha. Hapo ndipo hadithi inapovuja. Siku saba baada ya mwezi mpevu, mwezi ni nusu, na Kigombe ni maji mafu, yasiyojaa sana. Mashua ingekwama mbali na minazi, na mvuvi yeyote angejua kabla hajashuka kwamba wiki imepita. Hahitaji mtafiti wala saa. Ajabu ni kwamba wasomaji waliogombana kuhusu Einstein wengi wao hawakuligusa hili, na wamekulia pwani.

Namna ya kurekebisha ziko mbili. Aandike maji mafu, na nahodha aanze kuingiwa na hofu akiwa bado majini, anapouona mchanga mahali alipotazamia maji. Au bamvua ibaki, lakini kwa makusudi: mwezi nao ulichelewa pamoja na mashua. Akichagua hiyo, itabidi atuambie watu wa Pangani waliona nini angani wiki ile.