Wakala wa fedha Mtwara na Lindi aanze na kalenda ya mazao

Vijana wengi wa huku kusini wanaotaka kuingia kwenye uwakala wa fedha wa simu na benki huanza kwa kuuliza mtandao upi una kamisheni nzuri. Ni swali halali, ila halistahili kuja la kwanza. Kwanza ujue watu wa pale unapofungua kibanda wanalipwa lini, wanalipwa kwa njia gani, na hela ikishaingia inaelekea wapi. Wakala wa Tandahimba, Newala, Ruangwa au Liwale anaishi kwa korosho kabla ya kuishi kwa simu. Nionavyo mimi, wanaofunga mapema hawafungi kwa sababu kamisheni ni ndogo. Wanafunga kwa sababu walipanga mtaji kana kwamba Novemba na Machi ni miezi ya namna moja.

Upande wa karatasi hauna ugumu: namba ya mlipakodi, leseni ya biashara, kitambulisho cha taifa, kisha laini ya uwakala. Ugumu unaanzia kwenye kugawa mtaji. Chukua mtu mwenye 2,000,000. Akitaka kuonekana mkubwa, anachukua laini nne siku moja na kuweka floti (salio la ndani ya laini la kuhudumia wateja) ya 400,000 kila laini. Taslimu inabaki 400,000. Mteja wa kwanza kutoa laki tano anaondoka mikono mitupu, na jioni kijiji kizima kinajua kwamba pale hela hakuna. Ningemshauri aanze na laini mbili tu, za mitandao inayoshika hapo hata mvua ikinyesha, na nusu ya mtaji iwe taslimu. Taslimu inahudumia laini zote, lakini floti iliyolala kwenye laini ya mtandao mmoja haimsaidii mteja wa mtandao mwingine.

Sasa tuje kwenye msimu. Mkulima anapeleka korosho chama cha msingi (ushirika wa wakulima wa pale kijijini), zinapimwa, zinakwenda ghala kuu, zinauzwa mnadani chini ya chama kikuu (muungano wa vyama vya msingi), na malipo yanarudi kwenye akaunti yake ya benki. Mfumo huu wa stakabadhi ghalani ulianza kwenye korosho msimu wa 2007/08, na ndio uliomleta wakala wa benki hadi vijijini kwetu. Kati ya siku ya mnada na siku ya malipo hupita siku kadhaa, na hapo ndipo wakala makini anapopata nafasi ya kujipanga. Mjue karani wa chama chako. Muulize mzigo wenu uliuzwa mnada wa ngapi, tani ngapi, na kama orodha ya malipo imeshafika benki. Muulize pia kama kuna majina yaliyorudishwa, kwa sababu akaunti ikikosewa tarakimu moja au jina likitofautiana na kitambulisho, hela ya mtu huyo itachelewa, na wewe utakuwa umeandaa taslimu ya bure.

Malipo yakiingia, biashara inapigwa na mawimbi mawili, na wageni wengi hujiandaa kwa moja tu. Wimbi la kwanza ni la kutoa. Kila mtu anataka noti mkononi alipe waliopulizia dawa mikorosho na waokotaji, anunue bati, amalize madeni ya dukani. Taslimu inakauka huku floti ikijaa. Siku chache baadaye linakuja la pili: zile noti zimehamia kwa wenye maduka, nao wanataka kuweka ili walipie mzigo Kariakoo. Hapo floti inakauka na droo inajaa noti. Aliyekimbilia benki kubadili floti yote kuwa taslimu wiki ya kwanza anashindwa kumhudumia mwenye duka wiki ya pili, na mwenye duka ndiye mteja wa mwaka mzima. Kwa hiyo zungumza na wenye maduka mapema. Ukipatana na watatu au wanne wakuletee mauzo yao kila jioni, wao wanapata floti bila kusafiri na wewe unapata taslimu ya kesho asubuhi. Mapatano hayo yanakuokoa safari kadhaa za benki kila wiki.

Safari yenyewe ni ya hatari. Noti yetu kubwa kuliko zote ni ya elfu kumi, hivyo milioni tano ni noti 500, na mfuko wake unaonekana hata ukiuvika kanga. Badilisha saa, badilisha njia, usipande bodaboda usiyemjua, na usimwambie mtu kijiweni kwamba unakwenda kuchukua hela.

Taslimu ikipungua, sema ukweli mapema.

"Shikamoo babu. Unatoa kiasi gani?"

"Marahaba mjukuu wangu. Milioni moja na laki mbili."

"Hapa nina laki nne, babu. Ukitoa mara mbili makato yanaweza kukuzidi. Kama si haraka, rudi saa tisa utazikuta zote."

Makato hupanda kwa ngazi, ndiyo maana kukata muamala mmoja vipande viwili kunaweza kumtoa mzee hela zaidi. Wapo mawakala wanaokata makusudi ili kamisheni iongezeke. Kampuni zinakataza na ni wizi mdogomdogo kwa watu waliopalilia mwaka mzima.

Jioni fanya hesabu moja kabla ya kufunga mlango: taslimu, jumlisha floti ya kila laini, jumlisha salio la benki. Jibu lazima lilingane na mtaji. Ukiweka 3,000,000 na jibu likawa 2,940,000, usilale. Pitia daftari muamala kwa muamala. Mara nyingi elfu sitini hiyo iko kwenye namba iliyokosewa, au mtu alitoa 40,000 akahesabiwa 100,000. Ukiitafuta kesho, mhusika ameshasahau. Kamisheni iandikwe ukurasa wake, kwa sababu atakayekula floti akidhani anakula faida atagundua Februari, mji ukiwa mkavu.

Kuhusu matapeli, kanuni kubwa ni moja: usitoe hela kwa kusoma ujumbe. Angalia salio kwenye menyu yako mwenyewe, kila mara, hata foleni ikiwa ndefu. Anayepiga simu akidai ni wa kampuni na kutaka ufanye "muamala wa majaribio" ni mwizi.

Kinachonisumbua zaidi ni hatua ambayo mawakala wengi huichukua wakishanawiri: kukopesha. Februari hadi Aprili wakulima wana njaa, wakala ana hela, na kishawishi cha kununua korosho hata kabla mikorosho haijatoa maua ni kikubwa. Hiyo ndiyo kangomba, ni kosa kisheria, na pia ni hesabu mbovu. Hela ya uwakala inazunguka mara kadhaa kwa siku, ya kangomba inalala hadi msimu, na siku mteja anataka kutoa huna cha kumpa. Tena msimu wenyewe haumwahidi mtu. Mwaka 2017 bei ilivuka 4,000 kwa kilo. Oktoba 2018 wakulima waligomea bei za minadani, Novemba Serikali ikatangaza kununua kwa 3,300 na jeshi likasomba mzigo. Kisha ukafuata uhakiki wa mashamba uliolenga hasa wenye kangomba, na malipo yakachelewa. Aliyekuwa amefunga mtaji wake kwenye madeni ya mwaka ule alikaa na droo tupu.

Anayetaka kukopesha kwa haki njia ipo. Sheria ya Huduma Ndogo za Fedha ya 2018 imeweka madaraja manne, na wakopeshaji wasiopokea amana, hata mtu binafsi, wako daraja la pili na wanatakiwa kuwa na leseni ya Benki Kuu. Riba iandikwe, mkopaji apewe nakala ya mkataba, na kadi yake ya benki na namba ya siri zibaki kwake. Fungu la mikopo likae akaunti yake na daftari lake, na wiki ya malipo ya mnada lisiguse hata shilingi ya kaunta.