Duka la silaha ni hatua ya mwisho

Mfanyabiashara wa Kariakoo akishavamiwa, huuliza bastola inauzwa wapi na ni shilingi ngapi. Kwa maoni yangu, anaanzia mwisho. Maduka yenye leseni ya kuuza silaha Dar es Salaam yapo, lakini hakuna duka halali litakalokukabidhi silaha kwa sababu tu fedha unazo.

Chini ya Sheria ya Udhibiti wa Silaha na Risasi ya mwaka 2015, kinachotangulia ni ruhusa. Maombi huanzia serikali ya mtaa, kwa watu wanaokufahamu, yakapanda kata, polisi wa wilaya na kamati ya ulinzi na usalama, hadi kwa Msajili wa Silaha. Wengi hulalamika kwamba mlolongo ni mrefu. Mimi nauunga mkono. Mjumbe wa mtaa anajua nani hupiga mke wake na nani akilewa hutafuta ugomvi, mambo ambayo muuzaji hawezi kuyaona kwenye kitambulisho cha NIDA.

Ukishafika dukani, usianze kwa kuisifia silaha. Soma namba iliyochongwa kwenye bodi ya silaha, tarakimu moja moja, ukilinganisha na karatasi za leseni. Herufi O ikiandikwa sifuri, au B ikawa 8, silaha iliyo mkononi mwako si ile iliyo kwenye leseni. Kosa hilo halisumbui siku ya kununua. Hujitokeza siku ya uhakiki, kama ule wa nchi nzima wa mwaka 2016, na hapo mzigo wa kujieleza ni wako.

Risasi nazo zina mitego. Ukisema "milimita tisa" hujamaliza, kwa sababu 9×19 na 9×18 (namba ya pili ni urefu wa ganda kwa milimita) ni risasi mbili tofauti na hazibadilishani. Kwa shotgun ya geji 12 (geji ni kipimo cha upana wa mtutu, na namba ikiwa kubwa mtutu huwa mwembamba), angalia urefu wa chemba, yaani sehemu inapokaa risasi, uliochongwa kwenye mtutu. Risasi ya milimita 76 inaweza kuingia vizuri kwenye chemba ya milimita 70, kwa sababu urefu huo hupimwa mdomo wa ganda, ambao huja umekunjwa, ukiwa umeshafunguka. Ikifyatuliwa, mdomo wa ganda hukosa nafasi ya kufunguka na shinikizo hupanda kupita kiasi. Hatari zaidi ni kuchanganya geji: risasi ya geji 20 huteleza ndani ya mtutu wa geji 12 na kukwama mbele, ukiweka nyingine nyuma yake na kufyatua, mtutu hupasuka. Ndiyo maana maganda ya geji 20 kwa kawaida huwa ya njano.

Bajeti isiyo na sefu ya chuma iliyofungwa ukutani kwa bolti haijakamilika. Droo ya kitanda si mahali pa silaha, hasa penye watoto na mgeni wa kila wiki. Risasi zifungiwe kando. Tena hapa kwetu hewa ya bahari ina chumvi: silaha iliyoachwa kwenye mkoba wa ngozi, Kigamboni au Mbezi Beach, huota kutu upesi kwa sababu ngozi hushika unyevu. Ifute, ipake mafuta mepesi, uihifadhi nje ya mkoba.

Kuna soko jingine ninalolipinga kabisa, la rafiki anayesema, "Nina yangu, siitumii, nikuachie." Leseni imetolewa kwa jina lake. Hata mkiandikishana mbele ya wakili, umiliki hauhami bila polisi. Silaha hiyo ikiwa imewahi kutumika katika uhalifu, atakayekutwa nayo ni wewe.

Vivyo hivyo kwa mirathi. Mzee akifariki, bunduki yake haigawanywi kama shamba. Familia ikatoe taarifa kituo cha polisi mapema, ili silaha ikabidhiwe pamoja na leseni na risasi zilizobaki, nao wadai hati ya makabidhiano yenye namba ya silaha na idadi ya risasi. Mrithi anayeitaka aombe leseni yake mwenyewe, kuanzia serikali ya mtaa.