Sidri na mkunazi: je, wafasiri walikosea?

Sidri, mti utajwao katika Qurani na ambao majani yake huoshea maiti wa Kiislamu, wafasiri wa Kiswahili huuita mkunazi. Wapo wanaoshikilia kuwa mkunazi wa pwani yetu si sidri, na kwamba maiti aoshwe kwa unga wa majani ulioagizwa Uarabuni. Hoja yao ina mguu wa kusimamia. Sidri ijulikanayo zaidi huko ni Ziziphus spina-christi; mkunazi wetu ni Ziziphus mauritiana. Ligeuze jani: la mauritiana limefunikwa vinyoya vyeupe kwa chini, la spina-christi halina au linavyo vichache tu.

Ila "sidr" haikuzaliwa kwenye kitabu cha mimea. Yemen mti huohuo huitwa ilb, na hakuna anayemwambia Myemeni kuwa maiti wake hakuoshwa sawasawa. Tunda lake Misri ni nabaq, na katika Ghuba ni kunar, neno la Kiajemi. (Wanaolifanya kunar kuwa mzazi wa "kunazi" wangeeleza kwanza r iligeukaje z, maana bandar na rang zilipoingia Kiswahilini zilibaki na r yake: bandari, rangi.) Majina ya Kilatini nayo yasitutishe. Linnaeus, mtaalamu wa mimea, alipouita mti spina-christi mwaka 1753 alifuata simulizi za Wakristo juu ya taji la miiba la Yesu, na mwenzake Lamarck mwaka 1789 akauita ule mwingine kwa kisiwa cha Mauritius, ambako mti haukuanzia.

Sasa ichukue Suratul Waqia, aya ya 28: sidrin makhdud. Wafasiri wengi wanasema ni mikunazi iliyoondolewa miiba. Wengine, iliyoinama kwa wingi wa matunda. Maana zote mbili zinamtaka msomaji aujue mti. Miiba ya mkunazi hukaa miwili miwili penye kikonyo cha jani, mara nyingi mmoja umenyooka na mwenziwe umepinda. Ukiuvuta mkono kuukimbia ulionyooka, uliopinda umeshakunasa nguo. Aliyewahi kuchuma kunazi haelezwi mara mbili neema ya mti usio na miiba. Mwandikie "sidri" tupu, na aya imembakia sauti.

Kwenye kuosha, hadithi ya Ummu Atiyya, sahaba wa kike wa Mtume, inataja maji na sidri, mara tatu, tano au zaidi, na kafuri katika mkosho wa mwisho. Kazi ya jani ni kusafisha: lina saponini, ndiyo inayotoa povu. Majani hukaushwa kivulini, hutwangwa, huchekechwa, kisha hukorogwa majini kwa nguvu. Povu huenguliwa likaosha kichwa na ndevu, maji yaliyobaki yakaosha mwili. Usipochekecha, chembe hunasa kwenye nywele na kuzitoa ni shida. Ndiyo sababu ya kutumia povu kichwani badala ya rojo. Ikikosekana sidri, mafakihi waliruhusu khitmi, mmea usio hata wa jamii moja nayo. Kama khitmi inafaa, kumkatalia ndugu wa damu wa sidri kwa ajili ya vinyoya vya chini ya jani ni ukali usio na mahali.

Na huo unga wa paketi, utie kijiko kimoja kwenye chupa ya maji uitikise. Usipotoa povu, ni mkuukuu au umechanganywa, hata kama paketi imeandikwa sidri kwa herufi za dhahabu.