Zuri si jina la Waswahili

Fungua orodha ya majina ya watoto mtandaoni utafute Zuri. Utaambiwa ni jina la Kiswahili, maana yake "mrembo". Sasa lipime kwa sarufi. -zuri ni kivumishi kinachodai kiambishi: mtoto mzuri, nyumba nzuri, vitabu vizuri. Likisimama peke yake linapatana na ngeli ya LI-YA tu, kama gari zuri au jina zuri. Mtu angeitwa Mzuri. Wazazi wa Marekani wamelipenda na sasa ni jina lao kwa haki kabisa, lakini jina lililotokana na neno la Kiswahili ni jambo moja, na jina ambalo Waswahili huwapa watoto wao ni jambo jingine. Kibaski nacho kina zuri yake, na kwao ni "nyeupe".

Orodha hizi hukosea zaidi pale zinapoipa kila jina asili moja. Nia na Imani zimetoka Kiarabu, zikakaa Uswahilini karne kadhaa, kisha zikaenea Marekani zikiwa miongoni mwa misingi saba ya Kwanzaa, sikukuu ya Wamarekani weusi iliyoanzishwa mwaka 1966. Ukiandika "Kiswahili" tu, umekata njia katikati. Malaika nalo: kwa Waarabu ni wingi, mmoja ni malak, sisi tulichukua wingi tukaufanya umoja.

Amani ndilo linalopoteza wengi. Amani yetu ni amān ya Kiarabu, yaani usalama, huandikwa alifu, mimu, alifu, nuni. Binti wa Oman anayeitwa Amani mara nyingi ana jina lenye herufi "ya" mwishoni, na hilo ni "matamanio", la mzizi mwingine kabisa. Kwa herufi za Kilatini hayatofautiani hata kidogo. Sadiki pia: alifu ikiwa baada ya swadi ni mkweli, ikiwa hakuna alifu hapo, bali kuna "ya" kabla ya qafu, yaweza kuwa rafiki. Ndiyo maana swali la kwanza si "jina hili lina maana gani?" bali "kwao linaandikwaje?" Ukishapata tahajia, nenda kwenye kamusi ya lugha hiyo, kamusi nyingi za Kiarabu zimepangwa kwa mizizi, kwa hiyo bila tahajia hutafika popote. Na tovuti kumi zikiwa na sentensi ileile neno kwa neno, hesabu shahidi mmoja. Zinanakiliana.

Matamshi usiyaamini kwa maandishi wala kwa sauti ya kompyuta. Tafuta mzungumzaji aliyerekodiwa. Kwa Kiswahili mkazo huwa kwenye silabi ya pili kutoka mwisho: za-WA-di, zu-HU-ra. Lakini kanuni hiyo usiipeleke kwa majirani. Wangarĩ wa Kigikuyu ana ĩ inayokaribia e masikioni mwetu. Ochieng' wa Kijaluo humalizika kwa ng' ya neno ng'ombe, si ng ya ngoma, na fomu ikimeza ile alama ya juu ('), msomaji mgeni hana tena njia ya kujua. Mwandikishaji akiandika, msimamieni.

Kuna majina ambayo kuyatafutia "maana" ni kuuliza vibaya. Otieno ni mtoto wa usiku, ndiyo, lakini Otieno aliyezaliwa adhuhuri huenda amepewa jina la babu yake, wala hakuna aliyekosea. Kwa Wagikuyu binti wa kwanza hupewa jina la mama mzaa baba. Orodha inayomfafanua Wanjirũ bila kumtaja bibi huyo imeacha kile ambacho familia yake ingekitaja kwanza.