Muhina wa Koffi

Bibi yangu alikuwa na dawa moja tu ya muhina: anakuinamisha, anakumwagia maji baridi utosini, kisha anakufokea uache kucheza juani. Damu ikikauka, yamekwisha. Sasa kwenye filamu ya Augure kuna mwanamume, Koffi, amempakata kichanga cha dadake. Damu inamtoka puani, inamdondokea mtoto, na ukoo mzima unamrukia kana kwamba amefumaniwa na kisu. Nilijikuta nimesimama sebuleni.

Aliyeitunga na kuiongoza ni Baloji, mwanamuziki aliyezaliwa Lubumbashi mwaka 1978, akapelekwa Ubelgiji na babake akiwa na miaka mitatu minne hivi. Utasikia watu wakisema aliyeondoka mdogo vile hana utoto wa Kongo wa kusimulia. Mimi naona aliondoka na wa kumtosha, maana aliondoka na jina. Sisi tunasema kuloga, tunasema mlozi. Kwa Kiswahili cha Lubumbashi ni mulozi, wakiwa wengi ni balozi (wa wizara ya mambo ya nje watusamehe). Kwa Chiluba ndiyo hiyo baloji. Hebu fikiria kuitwa “wachawi” tangu utotoni! Ubelgiji ni jina la kigeni tu, basi. Kwa Mkongo, hujatoa hata mkono wa salamu, jina limeshafika.

Koffi ni jina hilo lililovishwa mwili. Mamake alimfukuza akiwa mtoto kwa ajili ya baka alilozaliwa nalo, wakamwita zabolo, mwenye alama ya shetani. Anarudi kutoka Ulaya na mahari, pamoja na mchumba Mzungu mwenye mimba ya mapacha, kutafuta baraka. Anapata ule muhina.

Nilichompendea Baloji ni kwamba hakukaa kujililia. Filamu ameigawia watu wanne: Koffi; Paco, mtoto wa mtaani (wale ambao Kinshasa wanaitwa shege), na genge lake la wavulana wenye magauni ya pinki; Tshala, dadake Koffi; na Mujila, mama yule yule aliyemfukuza mwanawe. Kumbe na yeye ana yake. Kwenye tamasha la filamu la Cannes walimpa tuzo ya Sauti Mpya mwaka 2023 katika kitengo cha Un Certain Regard, sawa, lakini mimi ningempa kwa huyo mama peke yake.

Ndiyo maana lawama kwamba anawauzia Wazungu aibu zetu haziniingii akilini. Uchawi wa humu hauna ungo wala tunguri. Ni shangazi na wajomba wamekaa kwenye viti, wanamwangalia mtu bila kumjibu.

Nina kinyongo kimoja tu. Magauni ya pinki yanapendeza, ila yamekula muda. Wangepunguziwa dakika kumi wale vijana, akapewa Mama Mujila.