Gulnaz aliulizwa na nani?
Mwandishi umesema filamu za zamani za Azabajani ni vichekesho vya harusi tu, hapo nakataa kabisa. Kaangalie O olmasın, bu olsun ya 1956, mzee Mashadi Ibad ana hela, Rustam bey kaishiwa ana madeni, basi binti yake Gulnaz ndo anatolewa kwa mzee wakati anampenda mwanafunzi Sarvar! Watu wanaimba wanacheka, msichana mwenyewe kaulizwa na nani? Arşın mal alan ya 1945 hivohivo, Asker tajiri mzima inabidi ajifanye machinga wa vitambaa apite nyumba kwa nyumba ili tu amuone mwanamke kabla hajamuoa. Na mtunzi wa muziki Uzeyir Hajibeyov alitunga michezo ya jukwaani ya kuimba iliyozaa filamu hizi kabla ya 1914 jamani, alikuwa anawasema wazazi wa kwao wazi wazi.