Mama wa kambo wa kwenye sinema

Hivi hawa watunga sinema wamewahi kuishi na mtoto wa kambo kweli? Ile filamu ya Kimarekani, Blended ya 2014: mwigizaji Adam Sandler ni baba wa mabinti watatu, mwenzake Drew Barrymore ni mama wa wavulana wawili, likizo moja tu Afrika Kusini, watoto wote wamelainika! Jamani! Mtoto wa kweli mwaka mzima anakuita "wewe". Ada analipa nani? Paja la kuku anapewa nani? Mama yake mzazi akipiga simu saa nne usiku, nani anapokea?

Geukia Bongo muvi sasa, mama wa kambo ni yuleyule: kucha ndefu, sumu kwenye chai, mganga kwenye simu. Mama wa kambo wanaomsuka nywele mtoto huku amewanunia, hao hawauzi sinema?